Nyonga ya Udongo

Watu wakisikia kwamba niliwahi kusomea ukunga huniuliza nilisoma kitabu gani. Huwaambia nilisomea chungu kilichotoboka. Hucheka, nami huwaacha wacheke, maana kueleza kunataka msikilizaji mwenye subira, na wengi hupenda habari za waliofaulu tu. Mimi sikufaulu. Nalisema mapema ili anayetaka furaha aende akaitafute kwingine.

Kwetu ni Mtongwe, upande wa Likoni, katika nyumba ya udongo na makuti aliyoijenga babu. Baba alikuwa amekwisha kufariki. Mama alitulea, dada yangu na mimi, kwa kushona kofia za darizi, zile zenye vitundu vidogo vinavyozungushiwa uzi kimoja kimoja. Hospitali ilikuwa kisiwani. Kati yetu na hospitali palikuwa na maji, kivuko kilikuwa na saa zake, na uchungu wa kuzaa hauna saa.

Dada alishikwa na uchungu wa mimba yake ya kwanza siku ya Ijumaa asubuhi. Mkunga wa mtaa, bibi aliyetuzalisha sote pale, alikaa naye mpaka siku ya pili, akafanya kila alilolijua, kisha akasema kwa unyonge kwamba mtoto amelala mgongo kwa mgongo na mama yake na hataki kugeuka. Wanaume wakambeba dada kwa kitanda kuelekea kivukoni. Alikata roho njiani, na mtoto tumboni. Mimi nilikuwa nyuma nimeshika viatu vyake. Sijui kwa nini nilivichukua, maana aliyebebwa hana haja ya viatu.

Katika siku za matanga alikuja bwana mmoja wa serikali kutoa pole. Wazee walimkabili kwa maneno makali, naye akajitetea. Akasema nyumba ya uzazi ingeweza kujengwa Mtongwe hata mwaka ule, ila hapakuwa na mkunga mwenye cheti aliyekubali kuja kukaa ng'ambo hii. Leteni mkunga mwenye cheti, alisema, na nyumba mtaipata. Mama alikuwa nyuma ya pazia akisikia yote. Akanitazama. Mimi nilikuwa nimetoka skuli, nimekaa nangoja kuposwa, na kazi yangu kubwa ilikuwa kukuna nazi.

Wageni walipoondoka, mama akasema, "Cheti hicho utakileta wewe."

Hakuniuliza kama nataka. Lakini nilitaka. Nilitaka kuliko nilivyotaka kitu chochote kabla au baada yake, na hilo nalo naliandika ili lijulikane, kwa sababu baadaye wako waliosema kwamba msichana yule alipelekwa tu na mama yake.

Nilichukuliwa katika hospitali moja ya uzazi kisiwani. Tulilala bwenini, na siku za mapumziko nilivuka kurudi nyumbani. Kazi ya wodini niliiweza upesi. Niliwaogesha wazazi, nikawapima, nikasimama kando ya mkunga mpaka siku ile aliposogea na kuniachia mimi nipokee. Nilizoea damu na makelele. Kilichonitisha kilikuwa kabatini.

Katika chumba cha masomo palikuwa na kabati lililofungwa kwa ufunguo, na ndani yake mlikuwa na mifupa ya nyonga, mifupa ya mtu kweli, imeunganishwa kwa waya, pamoja na mwanasesere wa ngozi aliyejazwa pamba. Ukutani palitundikwa michoro mikubwa ya rangi: mtoto ndani ya nyonga, mtoto akiinama, mtoto akizunguka, mtoto akitoka. Mwalimu wetu alikuwa sista wa Kizungu mwenye haraka. Alimpitisha mwanasesere katika ile nyonga mara moja, akasema hivi na hivi na hivi, akafunga kabati. Sisi tulisimama tumemzunguka, na mimi niliye mfupi niliona zaidi migongo ya wenzangu kuliko mgongo wa mtoto.

Na mtihani wa serikali ulikuwa humo kabatini. Kulikuwa na karatasi za kuandika, ndiyo, lakini baada ya karatasi uliitwa chumbani peke yako. Mbele yako mezani paliwekwa nyonga na mwanasesere. Daktari alikuambia mtoto kalalaje. Wewe ulitakiwa umweke hivyo, umzungushe anavyozunguka mwenyewe wakati wa kuzaliwa, umtoe. Ukishindwa hapo, karatasi zako zilizong'aa haziwezi kukuokoa. Na aliyeshindwa mara mbili hakuruhusiwa kurudi tena.

Mwenzangu wa kitanda cha jirani alikuwa msichana wa Kirabai, Mkristo, ambaye baba yake alifanya kazi ya reli na kukaa katika nyumba za reli Changamwe. Huyo alisoma kwa kuchora. Siku za mapumziko alikwenda kwao, akawafukuza wadogo zake, akachora nyonga kwa chaki kwenye sakafu yote ya chumba, kisha akaingia katikati na kuzunguka mwenyewe, yeye ndiye mtoto. Alinitania sana. Aliniita bibi harusi kwa sababu ya mwendo wangu wa pole, akasema watoto wa Mtongwe itabidi wajifunze kusubiri.

Mimi sakafu ya saruji sikuwa nayo. Kwetu ni udongo, na chaki haishiki udongo. Nilimweleza mama shida yangu, nikitaraji pole tu. Yeye akaweka kofia chini.

"Kitwa cha mtoto ni kikubwa kadiri gani?" akauliza. Mama alikuwa mtu wa Kimvita cha zamani, kichwa kwake ni kitwa na macho ni mato.

Nikamwonyesha kwa vidole. Akatoka nje, akarudi na kitale kilichoanguka, ile nazi changa isiyofika kuwa dafu. Akakipapasa, akakivika kitambaa cha kanga, akaniuliza mifupa ya kichwa cha mtoto imeungana wapi. Nilimchorea kwa mkaa. Akashona mishono ile kwa uzi mnene, na utosi wa mbele akaushona pembe nne, na ule mdogo wa kisogoni akaushona pembe tatu, sawasawa na alivyoshona kofia zake, hata ukifumba macho kidole kiliweza kusema hapa ni mbele, hapa ni nyuma. Mwili akaufanya wa matambara. Kwa nyonga alitumia chungu kilichotoboka kitako. Tulikisugua kingo kwa jiwe la matumbawe, tukachukua udongo wa kule mikokoni, tukauchanganya na makumbi ya nazi na kuukandika ndani, huku mimi nikipima kwa vidole vilivyokwisha kuiba kipimo katika ile nyonga ya hospitali. Tuliukausha juani. Ulipokauka nikampitisha mwanasesere, akapita kwa taabu kidogo, kama inavyotakiwa. Mama akacheka. Tangu matanga ya dada nilikuwa sijamsikia akicheka.

Nilikiweka chungu juu ya mkeka, nikakaa tayari kusoma. Mama akanizuia.

"Huyu mwanamke mbona yuwatazama jikoni?"

Nikamwambia ni udongo, mama, hatazami popote.

"Mwenye utungu yuko baina ya uhai na mauti. Hawekwi ovyo hata akiwa wa udongo." Akakizungusha chungu mpaka mbele yake ikaelekea kibla.

Hapo ndipo palipo na msiba wangu, na ilichukua muda mrefu nisiujue. Kwetu kibla ni kaskazini hasa. Na katika nyumba yetu kulia na kushoto vilikuwa ni mikono tu, mmoja wa kulia chakula na mwingine wa shughuli zake. Vitu vingine vyote vilikaa kwa kibla na suheli, yaani kaskazini na kusini, na kwa matlai na maghribi, linakotoka jua na linakotua. Mama aliniambia nisogeze mtungi matlai kidogo. Aliniambia nina punje ya wali kwenye shavu la maghribi. Hakuna mtu wa nyumba ile aliyekosea, hata kizani, maana kila mmoja alijua amesimama wapi.

Basi nikaisoma nyonga hivyo. Kibla ni mbele ya mama mzazi. Suheli ni uti wake wa mgongo. Matlai ni upande wake wa kulia, maghribi ni wa kushoto. Mama aliketi mbele yangu na kofia yake, akinihoji bila kuinua macho. Mtoto kisogo chake kiko wapi? Kibla na maghribi. Mzungushe. Namzungusha. Mwingine sasa, kisogo kiko matlai. Mzungushe. Mikono yangu ilienda yenyewe. Nilifika mahali pa kuweza kuzungumza habari nyingine, kumsengenya jirani, na huku mtoto anazunguka na kutoka salama.

Siku moja tulifika kwa mtoto aliyelala mgongo kwa mgongo. Nilikuwa nikilikwepa somo lile nyumbani, lakini lilikuwamo katika mtihani, na kila mtu alisema ndilo linalopendwa na madaktari. Nikamweka mwanasesere kisogo kikiwa kati ya suheli na matlai, nyuma kwa upande wa kulia. Nikamweleza mama kwamba kisogo hiki kina njia mbili. Kikipita matlai mpaka kikafika kibla, mtoto huzaliwa salama, ingawa kwa safari ndefu. Kikirudi suheli, kikaingia kwenye uti wa mgongo, huenda kikakwama.

Mama akaweka sindano. Akaingiza mkono wake ndani ya chungu, akakishika kichwa, akakirudisha suheli polepole mpaka kikagota.

"Ndipo alipokwama mwanangu?"

"Ndipo, mama."

Hakuuondoa mkono kwa muda. "Kumbe ni hapa tu," akasema. "Mimi nalidhani ni mbali."

Sikuweza kusoma tena siku ile. Nilikwenda nyuma ya nyumba nikalia, kisha nikakasirika na kulia kwangu, nikaosha uso. Nilijiapia kwamba mtoto wa namna ile mimi nitamjua hata nikiamshwa usingizini, na kweli nilimjua.

Utaniuliza kama wodini sikukosea. Sikukosea. Mwanamke mzima ana uso, ana mikono, ana bangili. Ukimtazama unajua kulia kwake ni wapi, hata akilala vipi. Nyonga iliyo mezani haina uso. Mimi niliipa uso wangu wa kibla, na sikujua kwamba bila huo sina kitu.

Siku ya mtihani nilikuwa mtulivu mno. Mwenzangu wa Changamwe alikuwa ametapika asubuhi. Mimi nilikunywa chai na mkate. Karatasi zilikwenda vizuri. Mchana nikaswali adhuhuri katika kichumba cha wafanyakazi, kisha nikaitwa.

Daktari alikuwa Mzungu mrefu, si mkali, mtu aliyechoka tu. Nyonga ilikuwa mezani, nayo ilikuwa imelazwa kwa ubavu wa kushoto. Waingereza ndivyo walivyozalisha wake zao, mama amelala kwa ubavu na mkunga amesimama nyuma ya mgongo wake, na ndivyo tulivyofundishwa. Akasema kwa Kiingereza chake: kisogo kiko nyuma, upande wa kulia. Mweke, kisha unionyeshe anavyozunguka.

Moyo wangu ulifurahi. Lilikuwa lile lile. Na kabla sijafikiri, mikono yangu ikaiinua nyonga, ikaiketisha, ikaielekeza kibla.

"Iache nilivyoiweka," daktari akasema, akairudisha ubavuni.

Nikaitazama. Mbele yake ilikuwa inatazama ukuta wa maghribi. Upande wake wa kulia ulikuwa juu. Matlai yangu ilikuwa darini. Najua leo, kwa kuandika, kwamba hilo ni jambo dogo, mtoto wa skuli angeligeuza akilini na kulimaliza. Lakini mikono yangu haikuwa imejifunza kwa akili. Nilimwingiza mwanasesere, na vidole vikakipeleka kisogo kwenye matlai ya chumba, ambako sasa palikuwa na uti wa mgongo. Nikajua nimekosea. Nikakivuta juu, nikasita, juu si mahali popote katika nyumba yetu, nikakishusha chini kushoto. Kisha nikakizungusha. Kilirudi nyuma, kikagota kwenye mfupa, na mimi nikasimama nimekishikilia.

"Sasa huyu atatokaje?" daktari akauliza.

Nikamwambia hatatoka.

"Na mama yake?"

 Nilikuwa na jibu, lakini halikuwa jibu la kumpa yeye. Akaandika alichoandika, akaniambia niende. Korido ilikuwa na wasichana wengine wanangoja, wananitazama usoni wapate kujua mtihani ulivyo. Nilipita katikati yao nikaenda kukaa chooni, maana ndipo palipokuwa na mlango wa kufunga.

Mwenzangu wa Changamwe alifaulu. Alipangiwa kazi bara, na kabla ya kuondoka alinichukua kwao Jumapili moja, akanikalisha kwenye sakafu yake ya saruji na kuniambia nimweleze kila nilichofanya. Hakunitania siku hiyo. Nilipofika pahali pa kibla alifuta mchoro wake kwa kitambaa.

"Dada, wewe umemsoma mwanamke mmoja tu," akasema. "Yule aliyeketi kwenu."

Alikuwa mtu mwema, na alisema kweli. Niliondoka pale nikimchukia kwa muda wote wa safari, kwa sababu ya ile kweli.

Ilibaki nafasi moja. Nikarudi nyumbani nikamwambia mama kwamba lazima chungu kigeuzwe. Kilazwe, kiinamishwe, kitazame jikoni, kitazame chooni. Mama alisikiliza. Nilijua ninachomwomba. Akakichukua chungu kwa mikono miwili, akakilaza ubavu na kukipa kibla kisogo, akasema "astaghafirullah" kwa sauti ya chini. Akalirudia neno hilo kila alipokigeuza, na alikigeuza kila siku niliyokuwa nyumbani.

Mwaka ule ulikuwa mwaka mbaya. Watu wa Mtongwe walikuwa wakibishana barazani juu ya uhuru, nani atatawala pwani, kama ile bendera nyekundu ya Sultani itashuka au itabaki. Sikusikia hata nusu yake. Mimi nilikuwa nikipigana na mikono yangu. Mama akikilaza chungu, vidole vilikimbilia matlai. Nilivirudisha. Nikajiambia: kulia, kushoto, kulia, kushoto, kama mtoto wa chuo cha Kurani. Nilijipa sheria moja, kwamba kila mkono unapokimbilia upande bila kuulizwa, mkono huo unadanganya, uzuie. Nikauzuia mpaka ukawa mzito. Yule mtoto niliyekuwa nikimtoa huku nasengenya, sasa nilimtoa huku jasho linanitoka, na mara nyingine hakutoka. Mama aliona. Macho yake nayo yalikuwa yameanza kuingia ukungu, akishona kwa kupapasa. Hatukusema juu ya lolote katika hayo mawili.

Mara ya pili chumba kilikuwa kile kile, lakini daktari alikuwa mwanamke, mtu mzima, mwenye mvi. Aliniuliza natoka wapi. Nikamwambia Mtongwe. Akasema amesikia kwamba huko hakuna mkunga. Nikamwambia hakuna. Kisha akaivuta nyonga, na badala ya kuilaza, akaiketisha wima mezani, mbele yake ikaelekea dirishani. Labda alinihurumia, labda ndiyo ilikuwa desturi yake. Dirisha lile lilikuwa la kaskazini. Nyonga ile ilikuwa imekaa kibla, kama ilivyokaa juu ya mkeka wetu.

"Kisogo nyuma, upande wa kulia," akasema.

Mkono ukakimbilia matlai. Ulikwenda peke yake, mwepesi, kama zamani, na kisogo kikakaa kati ya suheli na matlai, mahali pake hasa. Hapo nikaogopa. Mwaka mzima nilikuwa nimejifundisha kwamba mkono huo unadanganya. Nikauzuia. Nikakitoa kisogo pale, nikakipeleka upande wa pili.

Yule daktari akanitazama. "Una hakika?" akauliza, na aliuliza kwa upole, polepole, akanipa muda wa kutosha kabisa.

Nikasema ninayo hakika.

Sitaki kueleza mengine ya chumba kile. Majina ya waliofaulu yalisomwa na metroni, na langu halikuwamo. Akaniita ofisini, akasema ananisikitikia, akasema wodini hajapata kuona msichana mwenye mikono kama yangu, na kwamba sheria ni sheria. Nilifunga nguo zangu, nikavuka.

Mama alikuwa mlangoni akishona. Nilipomwambia hakuinua uso. Alishona kitundu kimoja mpaka kikaisha, akakata uzi kwa meno.

"Ni mimi niliyemuweka kibla," akasema.

Nikamwambia siyo, mama, usiseme hivyo. Nikamweleza kwamba mara ya pili ilikuwa kibla hasa, na kwamba aliyekosea ni mimi niliyeikataa. Nilidhani yatamfariji. Yalimvunja zaidi, maana alinigeuzia kile chungu mwaka mzima kinyume cha moyo wake, na kumbe alikuwa akigeuza kunipoteza. Wallahi sijui lipi lilikuwa jambo la kumwambia. Tangu siku hiyo hakuniuliza tena habari za hospitali, wala za nyumba ya uzazi, na kofia hakuzimaliza, akasema mato hayaoni. Yalikuwa yanaona kidogo. Wanaume wa mtaani waliendelea kunyanyua kitanda na kukimbilia kivukoni, na kila kilipopita mama alirudi ndani na kufunga mlango wa mbele. Nami nilikuwa nimekaa naye mle ndani, na kila nilichofundishwa kimo kichwani, nimekatazwa na sheria hata kumgusa mwenye mimba.

Bendera ilibadilika. Nyumba ya uzazi ikajengwa, safari hii bila kungoja mtoto wa Mtongwe, kwa kuwa serikali mpya iliweza kumpanga mkunga mahali popote ilipotaka. Ni nyumba nzuri, ya mawe, na bati. Siku ya kufunguliwa wanawake walipiga vigelegele mpaka sauti zikawakauka. Mimi niliajiriwa hapo kuwa aya, mtumishi wa kufua mashuka, kuchemsha maji, kufuta sakafu. Waliona ajabu kwamba nimekubali. Nilikubali kwa sababu nilitaka kuwa karibu, na sikuwa na njia nyingine ya kuwa karibu.

Mkunga aliyeletwa alitoka bara. Msichana mdogo kwangu, mwenye sauti ya chini na mikono safi, na cheti chake kilitundikwa ukutani juu ya meza. Nilitaka kumchukia nikashindwa. Alijua kazi yake. Kiswahili cha wanawake wetu kilimpiga chenga mwanzoni, hivyo alipenda nikae kichwani mwa mzazi, nimshike, nimfasirie. Nilifanya hivyo. Wanawake ambao wangekufa njiani kuelekea kivukoni walizaa mbele yangu wakapona, na mimi nilishukuru, na huku nikishukuru moyo uliniuma mpaka nikatamani kutoka nje.

Alfajiri moja akaja mke wa mfanyakazi wa bandari, mimba ya kwanza, mtoto mgongo kwa mgongo. Mkunga alimpima, akatulia, akamgeuza ubavuni, akamngojea. Ilichukua karibu kutwa. Mtoto alizunguka safari yake yote akazaliwa analia. Tulipokwisha kusafisha, mkunga akaosha mikono yake, akasimama mlangoni akinitazama ninavyokamua tambara.

"Dada, wewe unawajua hawa akina mama," akasema. "Na hauogopi. Sasa tuko na serikali yetu, wanachukua wasichana wengi kusomea. Mbona usijaribu?"

Nikamwambia nimekuwa mkubwa.

"Hapana, hata. Ule mtihani si mgumu vile watu husema. Wanakuwekea tu nyonga na mtoto wa kitambaa, unaonyesha vile atazunguka. Mtu kama wewe unapita mara ya kwanza."

Nikasema nitafikiri. Akaniambia nisifikiri sana, nafasi zinajaa upesi. Nikasema haya, nikachukua beseni la mashuka, nikaenda kuyaanika kabla jua halijapungua.